Mtu Ambaye Lazima Tumjue: Dhanio Tangulizi na Ucheshi katika Santuri za Dan Leno

Ikisiri

Makala haya yanahakiki santuri za Dan Leno (1860–1904), mchekeshaji wa kumbi za muziki za Uingereza, zilizorekodiwa London kati ya mwaka 1901 na 1903. Msimamo uliozoeleka ni kwamba santuri hizo ni kivuli hafifu cha utendaji uliozikwa pamoja na mtendaji wake. Makala yanapinga msimamo huo kwa kuonyesha kwamba sehemu muhimu ya ucheshi wa Leno imejengwa ndani ya lugha yenyewe, hasa katika matumizi ya dhanio tangulizi, yaani jambo ambalo msemaji analichukulia kuwa hadhira tayari inalijua. Kwa kuwa chombo hicho ni cha kiisimu, kiliweza kupita katika pembe ya kurekodia ilhali ishara za uso na mwili hazikuweza. Makala yanahitimisha kwa kupendekeza namna ya kuzisikiliza rekodi kongwe za fasihi simulizi, zikiwemo za Kiswahili.

1. Utangulizi

Uhakiki wa ucheshi wa jukwaani hukabiliwa na tatizo ambalo uhakiki wa ushairi andishi haulijui. Mshairi huacha shairi. Mchekeshaji huacha sifa, picha, kumbukumbu za waliomwona na, akiwa na bahati, sauti kidogo. Dan Leno alikuwa na bahati hiyo. Alifariki tarehe 31 Oktoba 1904 akiwa na umri wa miaka 43, na katika miaka yake ya mwisho ya kazi aliitwa mara kadhaa kurekodi mbele ya pembe ya kampuni ya Gramophone and Typewriter. Santuri zilizotokana na vikao hivyo, ambazo ni takriban 30, ndiyo ushahidi pekee wa moja kwa moja tulio nao wa jinsi alivyosema.

Hata hivyo, ushahidi huo haujapewa uzito unaostahili. Max Beerbohm, aliyeandika juu ya Leno mara baada ya kifo chake, aliuweka ukuu wa msanii huyo katika nafsi na uso wake, wala si katika maneno aliyoyasema. Mtazamo huo umerithiwa na wengi waliofuata. Ukikubaliwa kama ulivyo, basi santuri hazina la kutuambia, kwa kuwa uso haurekodiwi kwenye nta. Swali la makala haya linaanzia hapo: je, ucheshi wa Leno ulikaa wapi? Jibu tutakalolitetea ni kwamba kwa kiasi kikubwa ulikaa katika uhusiano wa kisarufi na kipragmatiki kati ya msemaji na msikilizaji, na kwamba santuri imeuhifadhi uhusiano huo kwa uwazi ambao ukumbi uliojaa watu usingeweza kuutoa.

2. Kutoka ukumbini hadi kwenye pembe

Leno, ambaye jina lake la kuzaliwa lilikuwa George Wild Galvin, alizaliwa St Pancras, London, tarehe 20 Desemba 1860 katika familia ya wasanii wa jukwaani. Alipanda jukwaani akiwa mtoto mdogo. Umaarufu wake wa mwanzo ulitokana na miguu: mwaka 1880 alitwaa mkanda wa ubingwa wa dunia katika mashindano ya Leeds ya kucheza kwa viatu vyenye nyayo za mbao, jamaa za mitawanda yetu. Alipoingia kumbi za London mwaka 1885, ilikuwa dhahiri kwamba watazamaji wa huko walipenda maneno yake kuliko miguu yake. Kuanzia mwaka 1888 alikuwa mhimili wa maigizo ya msimu wa Krismasi katika ukumbi wa Drury Lane, ambako mara nyingi aliigiza wanawake wa makamo wenye dhiki na domo. Mwezi Novemba 1901 alitumbuiza mbele ya Mfalme Edward VII huko Sandringham.

Mtu huyu wa miguu na uso ndiye aliyesimamishwa mbele ya pembe. Teknolojia ya wakati huo haikutumia umeme wala maikrofoni. Sauti iliingia katika pembe, ikatikisa kiwambo, na kiwambo kikaendesha sindano iliyochora mfereji kwenye sahani ya nta. Msanii alilazimika kusimama karibu na mdomo wa pembe na kutulia hapo. Hapakuwa na hadhira ya kucheka, wala nafasi ya kusahihisha kosa: aliyekosea alianza upya kwenye nta mpya. Muda wenyewe ulikuwa dakika mbili hadi tatu au zaidi kidogo, kulingana na ukubwa wa sahani.

Mwanaisimu anayetaka kutumia santuri hizi hana budi kuzingatia mipaka miwili ya kiakustika. Kwanza, masafa ya juu yalipotea. Vikwamizi kama /s/ na /f/, ambavyo nguvu yake kubwa iko katika masafa hayo, husikika kwa shida sana, na mara nyingi msikilizaji huvikisia kutokana na muktadha. Pili, kasi ya kuzungusha sahani haikuwa imesanifishwa, hivyo santuri ikichezwa kwa kasi isiyo yake hubadilisha kidatu na mwendo wa usemi kwa pamoja. Kwa sababu hiyo, makala haya hayadai lolote kuhusu kidatu halisi cha sauti ya Leno. Hata hivyo, mpangilio wa kupanda na kushuka, mahali pa mkazo, na uwiano wa vituo na maneno hubaki palepale hata kasi ikikosewa. Vilevile sikio la binadamu hukitambua kidatu kutokana na mawimbi ambata hata pale ambapo wimbi la msingi halikurekodiwa vizuri. Kwa ufupi, kiimbo kimesalia, na kiimbo ndicho tunachokihitaji.

3. Wimbo kama kiunzi

Wimbo wa kuchekesha wa kumbi za Uingereza ulikuwa na muundo unaotabirika: ubeti, kiitikio, kisha maneno ya kusemwa bila kuimbwa, halafu kiitikio tena. Karatasi za nyimbo zilizouzwa madukani zilihifadhi beti, viitikio na muziki wa kinanda. Maneno ya kusemwa mara nyingi yaliachwa mikononi mwa mtendaji, ambaye aliyapunguza au kuyarefusha kadiri ukumbi ulivyodai.

Leno aliugeuza uwiano huo. Katika kazi zake wimbo ulizidi kusinyaa na usemi ukazidi kutanuka, hata beti zikawa kama milango miwili ya chumba, mmoja wa kuingilia na mwingine wa kutokea. Msomaji anayemhukumu Leno kwa karatasi ya wimbo anahukumu milango. Beti zenyewe, zikisomwa leo, ni za kawaida kabisa: vina vinavyotarajiwa, wahusika wanaotambulika, kisa chepesi. Kama tungekuwa na karatasi peke yake, tungelazimika kumkubalia Beerbohm. Santuri inatuwezesha kuingia chumbani.

Humo tunakuta jambo ambalo Leno alikuwa amelizoea kabla ya kuiona pembe. Katika wimbo wa jukwaani uitwao The Shopwalker aliigiza karani wa dukani anayewahudumia wateja ambao hawapo. Hadhira ilisikia upande mmoja tu wa mazungumzo, na ikalazimika kuunda upande wa pili kutokana na majibu, samahani na mshangao wa karani. Msikilizaji asiyekuwepo, basi, hakuletwa na gramafoni. Alikuwa sehemu ya sanaa ya Leno tangu awali. Hii ndiyo sababu mojawapo inayofanya chumba kitupu cha kurekodia kisiwe kigeni kwake kama kilivyokuwa kwa wasanii wengine.

4. Mrs Kelly na ukubalifu ulionyimwa

Mfano ulio bora zaidi ni Mrs Kelly. Msemaji anataka kutusimulia ugomvi uliotokea kwa sababu ya mwanamke wa jina hilo. Anapolitaja tu jina anasimama na kutaka kuhakikisha kwamba tunamjua. Kwa kuwa hakuna anayejibu, anaanza kumtambulisha: ni jamaa wa mwanamke fulani, ambaye naye hatumjui, na mume wake ana kiduka mahali fulani, ambapo maelezo yake yanakatika kabla hatujapajua. Kisha anarudi kwenye madai yake ya awali kwamba haiwezekani tusimjue, maana hakuna asiyemjua. Ugomvi tulioahidiwa unazidi kurudi nyuma kadiri mwenye kuusimulia anavyojitahidi kuufikia.

Katika pragmatiki, jina la pekee hubeba dhanio tangulizi: anayelitamka anachukulia kwamba mwenye jina yupo na kwamba msikilizaji anaweza kumtambua. Robert Stalnaker ameeleza kwamba mazungumzo huendeshwa juu ya msingi wa pamoja, yaani jumla ya mambo ambayo wazungumzaji wanachukulia kuwa wanayakubali wote. Naye David Lewis, katika makala yake ya mwaka 1979, alionyesha kwamba msemaji akitumia dhanio ambalo bado halimo katika msingi huo, wasikilizaji kwa kawaida huliingiza kimyakimya ili mazungumzo yaendelee. Mtu akisema kwamba amechelewa kwa sababu ya kumpeleka dada yake hospitali, hatumkatizi kumuuliza kama kweli ana dada. Tunampa huyo dada nafasi katika msingi wa pamoja na kuendelea. Huu tuuite ukubalifu.

Kinachochekesha katika Mrs Kelly ni kwamba msemaji anatunyima ukubalifu huo. Sisi tuko tayari kabisa. Tungemkubali Mrs Kelly tangu lilipotajwa jina lake, tukasubiri ugomvi, kama afanyavyo kila msikilizaji wa kisa. Msemaji hataki ukarimu wetu. Anataka kumjua kwa kweli, kule kwa jirani kwa jirani. Kwa kufanya hivyo analifukua dhanio kutoka chini ya sentensi, ambako kazi yake ni kukaa kimya, na kuliweka juu kama hoja kuu. Simulizi inakwama si kwa sababu msemaji ni mjinga, bali kwa sababu anadai kwamba sharti la simulizi litimizwe kikamilifu kabla simulizi haijaanza. Hakuna simulizi duniani inayoweza kutimiza sharti hilo.

Jaribio la kuyaleta maneno hayo katika Kiswahili linaimarisha uchambuzi huu. Mfasiri atajikuta anahitaji kiulizi si, kama katika Si mnamjua?, ambacho kwetu huuliza huku kikitarajia jibu la ndiyo, pamoja na kionyeshi yule, ambacho hudokeza kwamba anayetajwa ameshakaa akilini mwa wote wawili. Kiingereza hulifanya jambo hilo kwa kiimbo zaidi kuliko kwa vipashio, na ndiyo maana karatasi haisaidii. Katika santuri kiimbo cha Leno ni cha mtu anayekumbusha, si cha mtu anayeuliza. Swali lililoandikwa lina alama ya kuuliza. Swali lililosemwa tayari limejijibu. Pengo kati ya hayo mawili ndilo lenye kichekesho, na linasikika.

Kimya cha santuri kina nafasi yake pia. Ukumbini, kicheko cha hadhira kilikuwa jibu la aina fulani: watu mia kadhaa walikiri pamoja kwamba hawamjui. Kwenye santuri hakuna anayekiri. Msemaji anatusihi na kutulaumu, na hapati hata kicheko. Madai kwamba kila mtu anamjua Mrs Kelly yanasikika katika chumba ambamo hayupo mtu. Kwa hiyo santuri si ukumbi uliopunguzwa. Ni matini nyingine, yenye ucheshi mkavu na mkali zaidi, na mhakiki anapaswa kuihakiki kwa misingi yake yenyewe.

5. Mnara na mkahawa wake

Katika The Tower of London Leno anaigiza mlinzi anayewatembeza wageni katika ngome hiyo ya kale. Aina ya usemi anayoiiga inafahamika: mwongozaji anapaswa kutaja wafalme, waliokatwa vichwa na umri wa kuta. Leno anaihifadhi sarufi ya usemi huo na kubadilisha vilivyomo. Ukale unatajwa kwa heshima zote, lakini safari inafikia upesi mahali pa vinywaji na vitafunio, na miongoni mwa mambo ya kale ya kustaajabiwa humo wamo mikate na wahudumu.

Dhanio tangulizi linafanya kazi hapa pia, kwa njia tofauti. Kila neno linalotaja ukale linabeba dai kwamba kitu kinachotajwa kinastahili kuhifadhiwa. Mkate wa zamani na ukuta wa zamani vinatumia kivumishi kilekile, ilhali thamani zinazodhaniwa zinapingana. Mlinzi hazitofautishi. Vilevile anamhimiza mtu ambaye hajawahi kufika huko arudi tena. Kitenzi kurudi, kwetu kama kilivyo kielezi chake katika Kiingereza, kinadhani safari ya kwanza, na safari hiyo imekanushwa katika sentensi hiyohiyo. Mtego ni ule wa Mrs Kelly: sentensi inachukulia kwamba tayari tulikuwepo.

Ikumbukwe kwamba mambo haya yote yanapita haraka. Leno hakipi kichekesho kituo cha kusubiri kicheko. Neno linalopinduka linasemwa kwa mkazo uleule wa maneno yanayolitangulia, na pale msikilizaji anapogundua kilichotokea, mlinzi ameshaingia chumba kingine. Upesi huo huenda ulilazimishwa kwa kiasi fulani na ufupi wa sahani. Lakini unaafiki sanaa yake: dhanio hufanya kazi vizuri zaidi lisipotangazwa.

6. Kilichopotea

Hoja yetu isichukuliwe kuwa santuri imehifadhi kila kitu. Ili kuupima ukweli wake, yafaa kumlinganisha Leno na Marie Lloyd (1870–1922), msanii wa kumbi hizohizo. Nyimbo za Lloyd zilisifika na kulaumiwa kwa maana zake za chini kwa chini, na maana hizo mara nyingi hazikuwa ndani ya maneno. Maneno yalikuwa safi. Jicho lililokonyezwa, bega lililoinuliwa na tabasamu lililocheleweshwa ndivyo vilivyoyapa maana ya pili. Santuri za Lloyd zinatupa sauti yenye mvuto na nusu ya wimbo. Nusu ya pili ilibaki usoni.

Ulinganisho huu unaonyesha kwamba pembe ilifanya kazi kama chekecheo. Ilipitisha vilivyobebwa na mfumo wa lugha: mpangilio wa sentensi, dhanio, kiimbo, mwendo. Ilizuia vilivyobebwa na mwili. Leno naye alipoteza vingi katika chekecheo hilo, kikiwemo kimo chake kidogo, uso wake wenye mikunjo ya masikitiko, na ile miguu ya Leeds. Kwa hiyo Beerbohm hakukosea aliposema kwamba uso ule ulikuwa na ukuu wake. Lakini haifuati kwamba maneno yalikuwa kisingizio tu cha uso. Kama yangekuwa hivyo, santuri ya Mrs Kelly isingechekesha hata kidogo, na inachekesha.

7. Nani anachekwa?

Pingamizi zito zaidi ni la kimaadili. Wahusika wa Leno ni watu wa tabaka la chini: makarani, walinzi, wake wa mitaa ya dhiki. Mwanamume anayevaa gauni na kuigiza ajuza mwenye domo mbele ya watazamaji, na hatimaye mbele ya mfalme, anaweza kushukiwa kwamba anauza umaskini na uanamke kama bidhaa ya kuchekwa. Shaka hiyo ni halali, na kwa baadhi ya maigizo ya Krismasi haiwezi kuondolewa.

Hata hivyo, uchambuzi wa dhanio tangulizi unatupa kipimo. Swali la kuuliza ni hili: katika mazungumzo, nani amewekwa katika nafasi ya kukosa maarifa? Katika mzaha wa dharau, mhusika ndiye asiyejua, na msikilizaji anacheka kwa kuwa yeye anajua. Katika Mrs Kelly sisi ndio tusiojua. Msemaji anatoka katika ulimwengu uliojaa watu, ukoo, waume na maduka, na anashangaa kwamba tumeingia humo tukiwa wageni. Bwana tajiri aliyenunua kiti cha mbele na fundi aliyekaa juu darini wanalaumiwa sawasawa kwa ujinga wao. Mtu mdogo, ambaye kwa kawaida habari zake haziulizwi, ndiye anayeweka kipimo cha yanayopaswa kujulikana. Huko si kumtetea maskini kwa hotuba. Ni kugeuza, kwa muda wa dakika tatu, mwelekeo wa aibu.

8. Hitimisho

Mjadala huu unatugusa katika taaluma ya Kiswahili kwa njia iliyo karibu kuliko inavyodhaniwa. Kampuni iliyomrekodi Leno ilibadilisha jina ikawa Gramophone Company, na ndiyo iliyomrekodi Siti binti Saad huko Bombay mwaka 1928 kwa nembo ya His Master's Voice. Sauti hizo mbili, za watu wasiofanana kwa lugha, dini wala sanaa, ziliingia katika historia kupitia biashara moja. Siti naye alipata kuhifadhiwa kwa vipande vya dakika chache, na nyimbo zake nazo hutaja watu na mikasa ambayo wasikilizaji wa Unguja wa siku zile walichukuliwa kuwa wanaijua.

Desturi yetu ya uhakiki, kuanzia tasnifu za uzamili hadi mikusanyo ya mashairi, ni kuyaandika maneno ya santuri za namna hiyo, kuyapanga katika beti, kisha kuyahakiki kama ushairi andishi, huku majina yasiyofahamika yakielezwa kwa mkato au kuachwa. Mfano wa Leno unapendekeza hatua tatu za ziada. Kwanza, kuainisha dhanio tangulizi kabla ya kuainisha tamathali: nani anatajwa kana kwamba anajulikana, na kwa vipashio gani? Pili, kuwekea alama kiimbo na vituo katika unukuzi, hata kwa mfumo mwepesi, kwa sababu swali linalojijibu haliwezi kuonekana bila alama hizo. Tatu, kukichukulia kimya cha hadhira isiyokuwepo kuwa sehemu ya matini.

Jina tusilolijua katika santuri kongwe halipaswi kutushughulisha kama upungufu wa kufidiwa kwa maelezo ya pembeni peke yake. Hutuambia nani alihesabiwa kuwa mwenyeji wakati wimbo unarekodiwa, na kwamba sisi hatukuwamo katika hesabu hiyo. Leno alilifanya jambo hilo kuwa kichekesho. Mhakiki wa rekodi kongwe anaweza kulifanya kuwa mwanzo wa utafiti, mradi asichoke kusikiliza akakimbilia karatasi.